Kisa cha Marburg: kauri ilivunjika, metali ikasagika, moyo ukashindwa

Mei 2012 hospitali ya chuo kikuu cha Marburg, mji wa katikati ya Ujerumani, ilimpokea kwa rufaa mwanamume wa miaka 55 aliyekuwa akitweta hata akiwa ametulia kitandani. Moyo wake ulikuwa umefika daraja la nne, la mwisho katika kipimo ambacho madaktari hutumia kupanga ukali wa moyo kushindwa kufanya kazi. Chanzo hakikujulikana. Mishipa inayoulisha moyo ilikuwa imeshachunguzwa ikaonekana iko wazi, kwa hiyo ule ugonjwa wa mafuta kuziba mishipa, ambao kwa mwanamume wa umri huo ndio hushukiwa kwanza, haukuwa na nafasi.

Tena hakuwa anaumwa moyo peke yake. Alikuwa na homa isiyoeleweka, tezi ya thairoidi iliyopunguza kazi, umio uliochubuka vibaya, masikio yaliyokuwa yakizidi kutosikia na macho yaliyokuwa yakififia. Ukimgawa mtu huyu kwa idara anatosha idara tano, na kila idara ina jina la kuupa ugonjwa wake na dawa ya kuandika. Ndivyo wagonjwa wa aina hii wanavyozungushwa, huko Ulaya kama hapa kwetu, bahasha ya vipimo ikinenepa na mwenyewe akikonda.

Katika historia yake palikuwa na mstari mmoja ambao daktari wa moyo angeweza kuupita bila kusimama: nyonga bandia. Nyonga ile ilikuwa ya kauri. Ikavunjika. Novemba 2010 akafanyiwa upasuaji wa kuibadilisha, na mahali pa kauri pakawekwa kichwa cha metali kinachozunguka ndani ya kikombe cha plastiki. Kuanzia hapo hadi kufikishwa Marburg akiwa hoi ni mwaka mmoja na nusu.

Profesa Jürgen Schäfer wa hospitali hiyo alikuwa akifundishia wanafunzi wa udaktari kwa kutumia tamthilia ya televisheni ya Kimarekani, inayomhusu daktari mkorofi anayefumbua magonjwa yaliyowashinda wenzake. Katika tamthilia hiyo alikuwamo mgonjwa aliyelishwa sumu ya kobalti na nyonga yake mwenyewe. Alipokutana na orodha ya matatizo ya mgonjwa wa kweli, jibu lilimjia hapohapo, akaagiza vipimo vya metali. Kobalti katika damu ilikuwa takribani nanomoli 15,000 kwa lita, wakati kwa mtu wa kawaida haizidi 15 hivi. Ukiibadilisha kuwa mikrogramu unapata karibu 880 kwa lita. Ili uone uzito wake: mwaka 2010 mamlaka ya dawa na vifaa tiba ya Uingereza ilikuwa imetaja mikrogramu 7 kuwa kiwango cha kumfanya daktari amfuatilie kwa karibu mtu mwenye nyonga ya metali. Kromi nayo ilikuwa imepanda hadi nanomoli 940 hivi.

Kisa kilichapishwa Februari 2014 katika jarida la The Lancet. Magazeti ya dunia nzima yakarukia habari ya televisheni, daktari aokoa mgonjwa kwa kutazama tamthilia, na kwa kweli ni habari tamu. Lakini kwa mtu anayeshughulika na vifaa na malighafi zake, hiyo ndiyo sehemu nyepesi kuliko zote. Cha kushangaza zaidi ni kwamba kichwa kigumu cha metali kilisagwa na kikombe cha plastiki.

Jozi ya kwenye faili

Faili la mgonjwa lilisema metali kwa plastiki. Hii ni jozi ya zamani na ya heshima. Daktari mpasuaji wa mifupa John Charnley alianza kuitumia katika hospitali ya Wrightington, Uingereza, Novemba 1962, baada ya jaribio lake la kwanza la kutumia Tefloni kumharibikia: Tefloni ilikuwa laini mno, ikalika ndani ya miaka michache, na chembe zake zikawasha mwili. Plastiki aliyohamia, aina ya polietilini yenye minyororo mirefu sana, ndiyo inayotumika hadi leo, ikiwa imeboreshwa. Katika jozi hii anayeumia ni plastiki. Kikombe cha polietilini ya zamani hupoteza takribani sehemu moja ya kumi ya milimita kwa mwaka, ile ya kisasa iliyofungamanishwa kwa mionzi hupoteza chini sana ya hapo, na kichwa cha metali kikitolewa baada ya miaka kumi na tano huwa bado kinang'aa kiasi cha kujionea uso.

Kichwa chenyewe ni aloi ya kobalti, kromi na molibdeni. Kobalti ni zaidi ya nusu, kromi ni kati ya asilimia 27 na 30, molibdeni asilimia sita hivi. Ni aloi ngumu, haipati kutu kirahisi, na imekaa ndani ya miili ya watu kwa miongo mingi.

Kauri inayotumika kwenye nyonga, kwa kawaida oksidi ya alumini, ni ngumu kuliko aloi hiyo mara nne na zaidi. Ugumu huo ndio sifa yake: inasuguana na kauri mwenzake karibu bila kupungua kitu. Hasara yake ni kwamba haikunjiki. Metali ikizidiwa hupinda, kauri ikizidiwa hupasuka. Kupasuka ni nadra, na mara nyingine kosa liko kiwandani. Mwaka 2001 kampuni ya Saint-Gobain Desmarquest ya Ufaransa ililazimika kurudisha vichwa vya zirkonia, aina nyingine ya kauri, ilivyokuwa imeuza, kwa sababu baada ya kubadilisha aina ya tanuru la kuchomea, vichwa kutoka baadhi ya mafungu vilianza kuvunjika ndani ya wagonjwa kwa wingi usio wa kawaida. Lakini iwe kosa la kiwanda, kuanguka, au kikombe kilichokaa vibaya, kauri inapovunjika matokeo ni yaleyale. Yanabaki mapande yanayoonekana kwa jicho, vipande vidogo, na vumbi.

Mapande hutolewa. Vipande vidogo daktari mpasuaji huvifuata kwa koleo na maji mengi. Vumbi ndilo tatizo. Linakuwa limeshaingia kwenye utando wa kiungo, kwenye misuli iliyo karibu, kwenye vinyweleo vya mfupa. Unaweza kuosha kwa lita nyingi na bado likabaki, na kwa sababu kauri ni tulivu kikemia, mwili hauna namna ya kuiyeyusha.

Sasa tufuate chembe moja. Tuseme ina upana wa sehemu ya kumi ya milimita, yenye kingo kali. Mgonjwa ameshonwa, ameanza kutembea kwa magongo, kisha bila magongo. Ute wa kiungo unazungusha chembe ile mpaka siku moja inanaswa kati ya kichwa na kikombe. Mtu anapotembea, nyonga hubeba mzigo wa mara mbili na nusu hadi tatu ya uzito wake, kwa hiyo chembe inakandamizwa kwa nguvu kubwa kwenye eneo dogo sana. Upande mmoja kuna plastiki, upande wa pili metali. Plastiki inakubali, inabonyea, inaimeza chembe hadi katikati na kuishika barabara. Nusu iliyobaki inachomoza, ikiikabili metali. Hatua inayofuata kichwa kinageuka nyuzi kadhaa, na chembe inachora mfereji. Kisha hatua nyingine, mfereji mwingine. Mguu mmoja hupiga hatua kama milioni moja kwa mwaka, na chembe si moja. Plastiki iliyochaguliwa kwa ulaini wake imegeuka msasa, na ulaini uleule ndio unaoshikilia punje zake zisiporomoke.

Basi jozi iliyoandikwa kwenye faili haikuwa jozi iliyokuwa ikisuguana. Kwenye faili ni metali kwa plastiki. Ndani ya nyonga ilikuwa metali kwa kauri, kauri iliyovunjika yenye kingo, na katika pambano hilo metali haina pa kukimbilia. Wataalamu wa msuguano wana jina la hali hii, uchakavu wa kitu cha tatu, yaani kitu kisicho cha upande huu wala ule kinachoingia katikati na kufanya kazi ya kukata. Kichwa kinapoteza umbo la duara na kuanza kulegea ndani ya kikombe, huku tishu zinazokizunguka zikijaa tope jeusi la metali.

Kulika pamoja na kusagika

Kusagika peke yake hakumfanyi mtu awe kiziwi. Unga wa metali ungeweza kukaa pale nyongani, ukaleta maumivu na uvimbe, basi. Kilichomfikisha mgonjwa huyu kwa daktari wa moyo ni hatua ya pili, ulikaji, yaani metali kuliwa kikemia.

Aloi ya kobalti na kromi haina uimara wa asili dhidi ya maji ya mwili. Maji hayo ni ya chumvi, yana joto la nyuzi 37, yana oksijeni na protini, na kwa metali nyingi hayo ni mazingira ya uadui. Kinachoikinga ni ganda la oksidi ya kromi lenye unene wa nanomita chache tu, linalojitengeneza lenyewe metali inapogusana na oksijeni. Likikwaruzwa linajirudisha haraka sana, ndani ya sehemu ya sekunde. Watu wengi wanaishia hapo na kusema aloi hii inajitibu. Ni kweli, ila kila mara inapojitibu inatoa gharama: kabla ganda halijafunga, ioni za metali, yaani atomu zake zenye chaji ya umeme, zinatoroka na kuingia kwenye ute. Mkwaruzo mmoja kwa mwezi hauna maana. Mikwaruzo mingi katika kila hatua, mchana kutwa, ina maana kwamba ganda halipati nafasi ya kukaa, na metali iko uchi sehemu fulani ya uso wake wakati wote. Ndiyo maana wahandisi hawajumlishi tu uchakavu na ulikaji kana kwamba ni mambo mawili yaliyokutana kwa bahati. Kila kimoja kinamwongezea mwenzake kasi, na jumla inazidi vile viwili vikipimwa peke yake.

Halafu kuna unga wenyewe. Chembe nyingi za metali zinazotoka kwenye nyonga ni ndogo kuliko nanomita mia moja, kwa hiyo gramu moja ya unga huo ina eneo la uso kubwa kupita kiasi. Seli za kinga zinazimeza, zikidhani ni vijidudu, na kuzitia kwenye vifuko vyenye asidi ambako kazi ya kawaida ni kuyeyusha. Safari hii zinachoyeyusha ni kobalti. Seli inakufa, inamwaga ilichobeba, na seli nyingine inakuja kusafisha.

Majibu ya maabara ya Marburg yanaisimulia habari hii yenyewe, ukiyasoma kwa uwiano. Ndani ya aloi, ukihesabu kwa idadi ya atomu, kuna kobalti mbili hivi kwa kila kromi moja. Ndani ya damu ya mgonjwa zilikuwa kumi na sita kwa moja. Kromi nyingine ilienda wapi? Haikwenda mbali. Kromi inayotoka kwenye aloi hii hushikana na fosfati na kuganda ndani ya tishu za jirani, na ndiyo sehemu kubwa ya lile tope. Kobalti inayeyuka, inadandia protini za damu, inasambaa mwili mzima, na figo ndizo zinazohangaika kuitoa kwa mkojo. Figo zikizidiwa na kasi ya kiwanda kilichoko nyongani, kiwango kinapanda. Kwa hiyo uwiano mkubwa namna ile unaonyesha metali iliyolika, zaidi ya vipande vilivyotawanyika.

Kwa nini moyo, masikio na macho

Kobalti kidogo tunaihitaji, iko katikati ya vitamini B12. Zaidi ya hapo mwili hauna matumizi nayo, na historia yake kama sumu ni ndefu kuliko historia ya nyonga bandia. Katikati ya karne iliyopita madaktari waliwapa wagonjwa wa upungufu wa damu kloridi ya kobalti, kwa kuwa inauchochea mwili kutengeneza chembe nyekundu. Ilifanya kazi. Pia ilileta uvimbe wa tezi shingoni, maana kobalti inazuia thairoidi isichukue iodini, na baadhi ya wagonjwa walipoteza kusikia.

Kisha kikaja kisa cha bia. Mwaka 1965 na 1966 katika mji wa Quebec, Kanada, wanywaji wakubwa wa bia wapatao hamsini walifika hospitalini mioyo ikiwa imevimba na kushindwa kazi, na ishirini hivi wakafa. Viwanda vya bia vilikuwa vimeanza kutia chumvi ya kobalti ili povu lidumu kwenye glasi, kwa sababu sabuni mpya za kuoshea glasi zilikuwa zinaliua. Kobalti ilipoondolewa kwenye bia, wagonjwa wapya wakakoma. Wagonjwa wa namna hiyo walipatikana pia Omaha, Marekani, na Leuven, Ubelgiji. Jambo lililowasumbua watafiti ni kwamba kobalti waliyokunywa watu hawa ilikuwa ndogo kuliko dozi walizopewa wagonjwa wa damu bila mioyo yao kufa. Maelezo yanayokubalika ni lishe: walevi wale walikuwa wanakunywa sana na kula kidogo, protini na vitamini zikiwa pungufu, na moyo wenye njaa hauivumilii kobalti. Nalitaja hili kwa sababu linaeleza kwa nini watu wawili wenye kiwango kilekile cha kobalti wanaweza kuwa na hali tofauti kabisa.

Ndani ya seli za moyo kobalti huvuruga vimeng'enya vinavyotengeneza nishati na kuingilia kazi ya kalisiamu, na msuli unaodunda usiku na mchana ndio wa kwanza kuhisi upungufu wa nishati. Mishipa ya fahamu ya masikio na macho nayo ina uhitaji mkubwa wa nishati. Kwa hiyo ile orodha ya Marburg iliyoonekana kama takataka za idara tano, kwa mtu anayeijua kobalti inasomeka kama sentensi moja.

Ilikuwa inajulikana

Hapa ndipo kisa kinaponikera. Mwaka 2003 madaktari wa mifupa wa Ufaransa walikuwa wamechapisha matokeo ya upasuaji wa marudio zaidi ya mia moja, wote uliofanywa baada ya kichwa cha kauri kuvunjika. Waliyoyasema yalikuwa wazi: upasuaji wa marudio hufeli zaidi kama utando wa kiungo haukuondolewa wote, kama kikombe hakikubadilishwa, na kama kichwa kipya kilikuwa cha chuma kisichoshika kutu. Mwaka 2006 madaktari wa Ujerumani kwenyewe walieleza kisa cha mwanamume ambaye kauri yake ilivunjika, akawekewa kichwa cha metali, akapoteza uwezo wa kuona na kusikia, na damu yake ikakutwa na kobalti nyingi mno. Upasuaji wa mgonjwa wetu ulikuwa Novemba 2010.

Sitaki kumtwisha lawama zote mpasuaji ambaye simjui na ambaye sababu zake sizijui. Kwa miaka mingi mafunzo ya upasuaji yalionya kwamba kichwa kipya cha kauri kisivikwe juu ya shina la zamani, yaani ule mhimili unaoingizwa ndani ya fupa la paja. Ncha ya shina pale kichwa kinapokaa ni koni iliyochongwa kwa usahihi mkubwa. Ikishakwaruzwa na kauri iliyovunjika, kichwa kipya cha kauri kinakaa juu ya nundu, mkazo unakusanyika sehemu moja, na kinaweza kupasuka tena. Kung'oa shina lililoshikana na mfupa ni kazi ya damu nyingi, na pengine fupa la paja linavunjika njiani. Mbele ya hatari hizo, kichwa cha metali kilionekana ndicho chaguo la mtu mwenye tahadhari. Suluhisho lililokuja kuenea ni kichwa cha kauri chenye mkono wa titani ndani yake, kama mkono wa shati, unaokaa juu ya koni iliyochubuka na kusawazisha mkazo. Kwa hiyo mpasuaji leo ana njia ya kurudisha kauri bila kung'oa shina.

Ajabu nyingine ni mwaka wenyewe. Mwaka 2010 dunia ya mifupa ilikuwa imeamka kuhusu metali nyongani kuliko wakati wowote. Aprili mamlaka ya Uingereza ilitoa tahadhari kuhusu nyonga za metali kwa metali. Agosti kampuni ya DePuy, iliyokuwa chini ya Johnson & Johnson, iliziondoa sokoni nyonga zake za ASR, zilizokuwa zimewekwa kwa watu takribani 93,000 duniani, baada ya daftari la taifa la viungo bandia la Uingereza na Wales kuonyesha kwamba ndani ya miaka mitano asilimia 12 hadi 13 zilihitaji kufanyiwa upasuaji tena. Kila mtu mwenye nyonga ya aina hiyo alitakiwa kuitwa, kupimwa kobalti, kupigwa picha.

Mgonjwa wa Marburg asingeitwa. Nyonga yake haikuwa metali kwa metali. Kwa lebo alikuwa katika kundi salama, lile la Charnley, na miezi mitatu baada ya tangazo la DePuy akawekewa kitu ambacho kingemmwagia kobalti kuliko karibu nyonga yoyote ya ASR. Mfumo wa ufuatiliaji ulipanga watu kwa jina la kifaa. Kilichokuwa kinaendelea ndani ya kiungo hakikuwa na safu yake kwenye fomu.

Dawa yake ilikuwa ileile ya Quebec, kuondoa chanzo. Kuna dawa za kunasa metali kwenye damu na zimetumika kwa baadhi ya wagonjwa, lakini kumpa mgonjwa dawa hizo huku kichwa kikiendelea kusagika ni kuteka maji kwenye chombo kilichotoboka. Nyonga ya metali ilitolewa, ikawekwa ya kauri. Kobalti ikashuka, homa ikaisha, umio ukapona. Zaidi ya mwaka mmoja baadaye moyo ulikuwa umepanda hadi kusukuma nje takribani asilimia 40 ya damu kwa kila pigo. Bado ni chini ya kawaida, ila ni tofauti kati ya kitanda na kutembea. Macho na masikio yalirudi kidogo tu. Msuli wa moyo ukipata nafuu mapema unaweza kujikusanya, mshipa wa fahamu uliokufa haufufuki.

Kwetu Afrika Mashariki nyonga bandia si jambo la wazee peke yao. Ugonjwa wa seli mundu huua kichwa cha fupa la paja kwa kukinyima damu, na wanaofikishwa kwenye upasuaji ni vijana ambao kifaa kitatakiwa kuwatumikia miongo kadhaa, na pengine kubadilishwa zaidi ya mara moja. Wengine hufanyiwa hapa, Taasisi ya Mifupa Muhimbili ikiwa mojawapo, wengine husafiri hadi India. Aliyetibiwa India akirudi nyumbani, mara nyingi anachoweza kukuambia ni mji, jina la daktari, na gharama. Kichwa ni cha nini? Kikombe je? Hajui. Sweden ina daftari la nyonga tangu 1979, na jirani zetu Malawi walianzisha la kwao mwaka 2005, kwa hiyo umaskini si sababu ya kutosha. Umoja wa Ulaya, kwa kanuni yake ya vifaa tiba ya mwaka 2017 iliyoanza kutumika 2021, unalazimisha mgonjwa apewe kadi ya kipandikizi. Sisi tunaweza kuanza na kitu rahisi: sanduku la kila kipandikizi huja na stika kadhaa zenye jina la kifaa, malighafi na namba ya fungu. Moja hubandikwa kwenye faili la hospitali. Omba nyingine ubandike kwenye daftari lako, na kama kipandikizi cha zamani kilivunjika, iandikwe kwamba kilikuwa cha kauri na kilivunjika, hata kama sasa hakimo tena mwilini.

Na kwa daktari wa moyo au wa macho atakayesoma hapa: kama mgonjwa ana nyonga bandia na orodha yake haishikani, usiandike kwenye fomu ya maabara maneno ya jumla "metali nzito". Kipimo hicho kwa kawaida hutafuta risasi, zebaki, aseniki na pengine kadimi, na kwa mgonjwa wa Marburg kingerudi kikisema kila kitu kiko sawa. Andika kobalti na kromi kwa majina, uulize maabara wanataka chupa ya aina gani, na mililita chache za kwanza zimwagwe kabla ya kuijaza, kwa sababu hata sindano ya chuma ina kromi ndani yake.